Laini ya Watani

Ndahani alikuwa amekaa katikati ya kizingiti cha Shimo la Tatu, miguu kainyoosha, mgongo kauegemeza kwenye fremu ya chuma, na alikuwa ameapa kwamba haondoki.

"Mlango huu haufungwi!" alipaza sauti. "Mtumwa wangu yumo humu ndani. Anayetaka kumzika anipe mbuzi wangu kwanza. Beberu, tena mwenye ndevu!"

Waombolezaji wakaangua kicheko. Mbuzi! Tangu binadamu waanze kuishi mwezini, hakuna mbuzi aliyewahi kukanyaga kule, si beberu wala jike, na Ndahani alilijua hilo kuliko mtu yeyote, maana ndiye aliyekuwa akilalamika kila siku mezani kwamba nyama ya maabara haina mfupa wa kuguguna. Lakini ndiyo kazi ya mtani. Msiba wa Mhehe ukikosa Mgogo wa kuuvuruga, hata marehemu mwenyewe ataona hakutendewa haki. Watu wa Kambi ya Ukingo walikuwa wameacha mengi duniani, mvua, kuku, jua la asubuhi, ila utani waliupakia chomboni pamoja na mabegi yao na hakuna aliyewauliza.

Nakijwa hakucheka. Alisimama pembeni ya mlango, mkono juu ya koki kubwa ya hewa, akisubiri vituko viishe ili afanye kazi iliyomleta. Yeye ndiye aliyekuwa Mtunza Pumzi wa kambi. Koki na milango yote ya chini ilitii sauti yake peke yake, na leo alitakiwa kusema neno moja tu, "ziba". Mlango wa nje ungefungwa, chumba kidogo kilichoutenga na mlango wa ndani kingemiminwa saruji, na huko nyuma yake, chini ya kifusi cha mwamba na barafu, Kastori Kikoti angebaki kaburini mwake milele. Mkekani palikuwa na kofia yake ya kazi ya akiba, yenye taa, kwa kuwa mwili haukupatikana. Mkuu wa kambi, Mzee Rutashobya, alikuwa ameshamaliza sala.

Juma lililopita Kikoti aliingia Shimo la Tatu kufunga mtambo mpya wa kupasulia barafu, ule ulioletwa na chombo cha mwisho. Ulikuwa mtambo wa kuota ndoto: una moto wake wenyewe tumboni, hautegemei waya wa mtu, unaula mwamba wa barafu na kutema hewa safi. Kambi nzima ilikuwa ikiuongelea. Paa la shimo likashuka kabla habari ya kuwashwa kwake haijafika. Ndahani, aliyekuwa hatua chache nyuma ya mwenzake, alitoka akitambaa, mapafu yamejaa vumbi na kifaa chake cha sikioni kimesagika. Kikoti hakutoka.

Ikabaki kazi ya Msikizi. Huyo alikuwa akili ya mashine iliyoisikiliza kambi nzima kwa masikio madogo yaliyopachikwa ukutani na ndani ya miamba. Aliagizwa kutafuta sauti ya mtu tu, akasikiliza kifusi kile mchana na usiku. Hakuna sauti ya binadamu, alisema. Akasikiliza tena, akasema vilevile. Juzi akamtangaza Kikoti kuwa marehemu, na fungu lake la pumzi likawa wazi.

Hapo ndipo Nakijwa alipokosa uso wa kumtazama mjane.

Mwezini pumzi hugawanywa kwa mafungu, fungu moja kwa mtu mmoja, na mtambo wa zamani ulikuwa ukitoa mafungu yaleyale miaka nenda miaka rudi. Waliofika wakakuta mafungu yameisha walibaki walivyosafirishwa, wamelala usingizi wa baridi katika chumba cha chini kabisa, wakisubiri. Mtu akifa, wa kwanza kwenye foleni huamshwa. Safari hii wa kwanza kwenye foleni alikuwa Niwaeli, binti wa Nakijwa, aliyelazwa duniani akiwa bado ana pengo la meno ya utoto. Kwa muda wote huo mama yake alikuwa akishuka kila jioni kuufuta ukungu kwenye kioo cha sanduku lake na kumtazama akiwa hakui.

Jana mtoto alifumbua macho. Asubuhi ya leo alikunywa uji vijiko kadhaa, akamkazia mama yake macho, akasema, "Mama, mbona umezeeka?" Nakijwa alicheka mpaka akalia. Alikuwa na furaha chafu, furaha ya kufichwa chini ya godoro, na alijua imetoka wapi.

Na mtu wa kwanza kuja wodini kumtazama mtoto alikuwa nani? Vaileti mwenyewe, mke wa Kikoti, macho yamevimba, kanga imekunjwa mkononi. Alimfunika Niwaeli miguu, akaichomeka kanga pande zote.

"Heri pumzi yake imekwenda kwa mtoto, Mama Niwaeli," alisema. "Ingekwenda kwa mtu mzima mlafi, ningeumia zaidi."

Nakijwa alitamani sakafu ipasuke immeze.

*

"Mama Niwaeli!" Ndahani alimwita kutoka kizingitini. "Mbuzi hamna, sawa, nimesamehe, nyie ni maskini. Basi niwekee laini yetu."

"Laini gani, kaka Ndahani?"

"Yetu, mimi na huyu mla mbwa. Nataka nimtukane mara ya mwisho kwenye laini yetu wenyewe, ili huko aendako afike akijua bwana wake ni nani." Alianza kucheka, akaishia katikati. Akajifanya anakohoa vumbi.

Wachimbaji walifanya kazi wawili wawili, na kila wawili walikuwa na laini yao ya kuongea wakiwa chini. Laini ya Ndahani na Kikoti ilikuwa na historia. Mwaka wa kwanza, Msikizi kila alipowasikia wakiitana mtumwa na mla mbwa na ombaomba wa Kongwa, alipiga king'ora cha ugomvi na kufunga milango. Siku moja alilifungia bwalo zima wakati wa chakula cha mchana, kwa sababu Ndahani alikuwa ameahidi kumchuna Kikoti ngozi na kuwamba ngoma. Watu walishinda na njaa, sufuria za wali wakiziona kwenye kioo. Jioni ile kambi ilikaa kikao, na kwa mikono yote juu na vicheko vingi wakapitisha kwamba utani si habari. Msikizi akaagizwa kuwa kila kinachopita kwenye laini ile akiweke kando, asikihesabu, asikitolee taarifa. Akaitika, kama alivyoitikia kila kitu. Watu wakarudi kula, na hakuna aliyelikumbuka tena jambo hilo.

Hata Nakijwa hakulikumbuka. Alisogeza mdomo karibu na kinasa sauti cha ukosi wake. "Msikizi, fungua laini ya watani," alinong'ona.

Jibu likaja sikioni mwake, ambako hakuna mwingine angelisikia. "Laini hiyo ina maneno yaliyowekwa kando, kama kikao kilivyoagiza. Nianze na ya zamani, au nikuunganishe na yanayosemwa sasa?"

"Yanayosemwa lini?"

"Sasa. Alinyamaza kidogo. Anaendelea."

Pakasikika mkwaruzo, kisha kikohozi, kisha sauti ya mwanaume iliyokauka kabisa. "…we Mgogo, umelala? Nimekuita mpaka koo limekuwa kama gunzi. Haya, endelea kulala. Ila nakwambia, nikifa humu usithubutu kugusa ubwabwa wa msiba wangu. Nitakuja nikutapishe mbele za watu."

*

Vidole vya Nakijwa vilishika koki ile kwa nguvu, na bado aliona anaanguka, ingawa mwezini mtu haanguki upesi.

Alitazama huku na huku. Hakuna aliyejua. Wanawake walikuwa mkekani, Vaileti katikati yao, mikono juu ya kichwa. Wanaume walikuwa wamesimama ukutani na vikombe vyao vya chai. Ndahani, alipoona laini inachelewa, alikuwa ameanza kuimba wimbo wa kumkejeli marehemu, namna alivyokuwa akikoroma, namna alivyokuwa akitafuna, na watu walikuwa wakiitikia.

"Tangu lini?" aliuliza kwa pumzi tu.

"Tangu paa liliposhuka," Msikizi alijibu. "Siku za mwanzo hakutania. Aliomba msaada. Lakini yalipita kwenye laini ya watani, nami niliyaweka kando. Nimuunganishe Ndahani, au nifute? Mlango ukizibwa, kwa kawaida laini za shimo hufutwa."

Nifute. Neno dogo kiasi hicho.

Nakijwa alikuwa Mtunza Pumzi, na sheria ya pumzi aliijua hata akiwa usingizini. Fungu la Kikoti lilikuwa kifuani mwa Niwaeli. Kikoti akiwa hai, fungu ni lake, na aliyeamshwa mwisho ndiye hurudi. Wala hapakuwa na mwanya wa mtu mzima kujitolea kulala badala yake, kwa sababu mwili wa mtu aliye macho huandaliwa kwa kufunga na kwa dripu siku nyingi kabla baridi haijaupokea. Ni mtoto tu ambaye dawa ilikuwa bado inazunguka kwenye damu yake. Huyo sindano moja ingetosha. Tatizo ni kwamba waliowahi kurudishwa usingizini kabla damu haijatulia walikuwa wawili, na wote wawili Nakijwa alikuwa ameshiriki kuwazika.

Aliziona sababu zikija zenyewe, zimevaa vizuri. Huyu mtu ameshaliliwa. Sauti yake imekwisha, pengine hafiki kesho. Kifusi kile kikiguswa kinaweza kuwaua wachimbaji wengine. Mjane ameshaanza kuzoea. Mtoto hajaishi hata kidogo, na Kikoti ameishi, ameoa, amecheka, ametukana watu mpaka akatosheka. Kila sababu ilikuwa nzuri, na hilo ndilo lililomtisha, kwa maana hakuwa ameitafuta hata moja.

Wimbo wa Ndahani uliisha. Watu wakapiga makofi, wakafuta machozi.

"Mtani," Kikoti alisema sikioni mwake, taratibu, bila mzaha wowote. "Sasa nasema kweli. Nipo. Kama kuna mtu yeyote anasikia, mimi nipo."

Nakijwa alifungua kinywa. Baadaye angeapa kwamba hata yeye hakujua kinywa kile kitatoa neno gani.

"Yuko hai," alisema.

*

Hakuna aliyeelewa. Mama mmoja alitabasamu kwa adabu, akidhani ni sehemu ya shughuli.

"Kikoti yuko hai," Nakijwa alirudia, safari hii kwa sauti iliyogonga ukuta ikarudi. "Anaongea. Ninamsikia."

Mzee Rutashobya akakunja uso. "Mama Niwaeli, tafadhali. Msibani hatutanii hivyo. Wewe si mtani wake."

"Wewe ni Mpare!" Ndahani alifoka, amekasirika kweli, anajaribu kuinuka. "Huna ruhusa! Mwenye ruhusa hapa ni mimi peke yangu, na hata mimi kuna kitu sitanii nacho. Yupo mjane hapa!"

"Msikizi," Nakijwa alisema, "weka laini ya watani kwenye spika. Wote wasikie."

Spika ya dari ikakwaruza. Pakapita ukimya, ukimya mrefu wa kutosha kwa Nakijwa kudhani amerukwa na akili, kwamba huzuni na furaha vimegombana kichwani mwake vikavunja kitu. Kisha kikohozi kikajaa korido nzima.

"Mgogo," spika ilisema, "ukifika huku ukute nimegeuka barafu, usinilambe."

Birika la chai likamponyoka mtu. Lilishuka polepole kama vitu vyote vinavyoshuka kule, na hakuna aliyenyoosha mkono kulidaka, ingawa muda ulikuwepo. Mama mmoja alipiga yowe, akaliziba kwa viganja. Ndahani alikuwa amesimama wima kizingitini, kinywa wazi. Vaileti hakupiga yowe. Alishusha mikono kutoka kichwani, akaiweka mapajani, akabaki ameitazama ile spika.

Halafu kila mtu akaongea kwa pamoja. Sululu! Leteni sululu! Fungua mlango! Mtu fulani alikuwa akirudia "Mungu wangu, Mungu wangu", na mwingine alikuwa anacheka ovyo bila kujizuia.

"Msikizi," Nakijwa alisema, "fungua mlango wa ndani. Peleka hewa shimoni."

"Siwezi," Msikizi alijibu, na kwa kuwa spika ilikuwa bado imefunguliwa, kila mtu alimsikia. "Hakuna fungu lililo wazi. Fungu la Kastori Kikoti linatumiwa na Niwaeli."

Kelele zikakatika ghafla. Nakijwa aliona nyuso zikimgeukia moja moja, kisha zikiinama, maana hakuna aliyeweza kumtazama zaidi ya hapo. Hakuna aliyemwambia kitu. Walikuwa watu wema, na wema wao ulimchoma kuliko lawama, kwa sababu walimwachia aseme mwenyewe.

Akabonyeza kitufe cha ukutani cha kuongea na wodini. "Makame."

"Naam, Mama Niwaeli." Muuguzi alikuwa na furaha sautini. "Binti yako ni mtundu huyu! Ananifundisha mchezo wa—"

"Makame, mrudishe."

"Nimrudishe wapi?"

"Usingizini. Sasa hivi. Kikoti yuko hai."

Kwa mbali Nakijwa alisikia sauti nyembamba ya mtoto ikiuliza swali, hakusikia swali lenyewe, na akashukuru hakulisikia.

"Mama Niwaeli," Makame alisema taratibu, "unajua unachoniambia?"

"Najua. Usiniulize tena, nitashindwa."

Akakiachia kitufe. Akateleza na ukuta mpaka chini, na pale chini akajisikia akitoa mlio ambao hakuwahi kuusikia ukitoka kwake. Ndahani alimfuata, akapiga magoti mbele yake, akamshika mabega.

*

"Anapumua nini?"

Aliyeuliza alikuwa Vaileti. Alikuwa bado ameketi mkekani, kando ya kofia ya mumewe, na aliuliza kwa sauti ya mtu aliyekosa kitu jikoni.

"Nini, shemeji?" Ndahani aligeuka.

"Nauliza, Kikoti anapumua nini?" Sasa alisimama. Vaileti alikuwa mpima miamba wa kambi, na kazi yake yote ilikuwa kuuliza mambo mpaka yajibu. "Mama Niwaeli, koki ya shimo hili si uliifunga mwenyewe, paa liliposhuka?"

"Niliifunga," Nakijwa alijibu kutoka sakafuni.

"Na haijafunguliwa."

"Haijafunguliwa."

"Mtungi wake wa mgongoni unamtosha mtu kwa muda gani?"

"Siku moja," Ndahani alidakia. "Akiwa mchoyo, siku na…"

"Ni juma zima," Vaileti alisema. "Mume wangu yuko nyuma ya kifusi juma zima, anatukana watu. Anatukania hewa gani?"

Nakijwa alimtazama yule mwanamke. Yeye ndiye Mtunza Pumzi. Hilo ndilo swali la kwanza ambalo mtunza pumzi yeyote angeuliza, hata mwanafunzi wa siku ya kwanza, na yeye hakuuliza, kwa sababu tangu aisikie sauti ile alikuwa anahesabu mafungu mawili tu na watu wawili tu. Akakirukia kitufe cha wodini kwa viganja vyote viwili.

"Makame! Acha! Usichome! Makame!"

Hakuna jibu.

"Makame!"

Miguu ilitaka kukimbia wodini. Lakini wodi ilikuwa mbali, korido baada ya korido, na mlango ulikuwa unaisubiri sauti yake. Alibaki amekwama pale, nusu ameinuka, nusu amepiga goti, akikipiga kitufe kile.

Juu yake Ndahani alimwambia Msikizi apeleke na sauti yake shimoni, akainua uso kuelekea spika. "We mla mbwa!" alinguruma, machozi yanamtiririka mpaka kidevuni. "Unanisikia? Bwana wako anakuita! Unapumua nini huko ndani?"

Mkwaruzo. Kisha kicheko, kicheko cha mtu asiye na mate kinywani.

"Ndahani! Hatimaye! Umechelewa kama kawaida yenu." Kikohozi. "Nimeuwasha, mtani. Paa lilishuka nyuma yangu, si juu yangu. Nimekaa hapa na mtambo kama mtu na mke mwenza, unaunguruma mchana kutwa. Barafu haina mwisho, unaila tu. Maji ninayo, hewa ninayo mpaka ya kuchezea, ila chakula ndicho sina." Sauti ikapungua nguvu, ikajikusanya tena. "Nina hewa ya kuwatosha nyote na ukoo wenu. Njooni muombe. Wagogo si mnajua kuomba?"

Mgogo aliyekuwa na jibu la kila kitu aliketi chini katikati ya watu, akajifunika uso kwa shati lake, akalia kwa sauti bila haya, na Mzee Rutashobya naye akaketi kando yake.

Na hapo kitufe kikawaka chini ya viganja vya Nakijwa.

"Mama Niwaeli." Sauti ya Makame ilikuwa imelowa. "Nisamehe. Nimekusikia unaita na sikuweza kujibu. Sindano ninayo mkononi. Sijachoma. Mkono umekataa. Nimekaa hapa nalia, na mtoto wako ananibembeleza."

Nakijwa alilaza paji la uso ukutani. Aliyekuwa jirani naye alidhani anasali.

Alipoweza, alisema, "Itupe. Iponde kwa kiatu." Kisha akapandisha sauti. "Msikizi, andika kwamba mtambo wa pili unafanya kazi."

"Chanzo cha habari?"

"Laini ya watani."

"Laini hiyo niliagizwa nisiihesabu."

"Ihesabu!" Lilikuwa yowe la kambi nzima, wanawake kwa wanaume, likatikisa spika darini.

"Nimeihesabu," Msikizi alisema bila kinyongo. Hesabu ilikuwa kubwa kuliko zote alizowahi kupewa. "Mafungu yaliyo wazi yanawatosha wote waliolala chumba cha chini. Yanabaki mengine. Nianze kuandaa kuwaamsha?"

Hakuna aliyepiga makofi. Walisimama tu, wakitazamana. Mwanaume aliyekuwa na mke katika chumba kile cha chini alikuwa akitikisa kichwa, anakataa, anakataa kabisa, kama mtu anayepewa kitu cha mwenzake kwa makosa. Kuna habari ambazo mwili hauna mahali pa kuziweka mara moja.

*

Mlango wa ndani ulifunguka kwa mguno mrefu, na hewa ikaanza kuvuma kuingia shimoni ikipeperusha vumbi la kijivu. Kifusi kilionekana, kimejaa hadi juu. Mashine za kutoboa hazikuweza kutumika, kwani mtikisiko wake ungeweza kuliangusha paa lililobaki, na hili Vaileti aliliamua papo hapo, akiwa ameshavaa kofia ya mumewe iliyokuwa mkekani. Ingekuwa kazi ya mikono, jiwe kwa jiwe, na kwenye spika Kikoti alikuwa anaendelea kudai ugali. Sauti yake ilikuwa ikipotea na kurudi. Hakuna aliyejua kama watamfikia kabla haijapotea moja kwa moja.

Watu walijipanga. Sululu zikapitishwa mkono kwa mkono. Nakijwa alikuwa ameshika yake, anasubiri zamu, alipomwona Vaileti amesimama mbele yake, karibu kabisa, mwanga wa kofia ukimpiga machoni.

"Wewe ulimsikia kabla yetu," Vaileti alisema kwa sauti ya chini. "Ndahani alikuwa anaimba. Mimi nilikuwa nakutazama. Nikadhani unaumwa."

Nakijwa angeweza kusema kwamba laini ilikuwa mbovu. Angeweza kusema kwamba hakuyaamini masikio yake, na lingekuwa nusu ya ukweli.

"Ndiyo," alisema.

"Kwa muda gani?"

"Wa kutosha kutaka kumfuta."

Nyuma yao watu walikuwa wakiitana, mawe yakigongana. Vaileti hakuondoa mwanga usoni mwake. Kwa kitambo Nakijwa alifikiri atapigwa, akatamani apigwe, kingekuwa kitu chepesi zaidi. Vaileti aliishika sululu aliyokuwa nayo Nakijwa, akamsukuma nayo kifuani mpaka akarudi nyuma hatua moja, ndani ya shimo.

"Chimba mbele yangu," alisema. "Nikuone."

Nakijwa akageuka kuelekea kifusi, akainua sululu, akaanza.